Majeruhi wa baiskeli: ICD-10, ICD-11 au misimbo ya Kimarekani?

Mtu aliyeumia na baiskeli akifika hospitali, faili lake linahitaji misimbo ya aina mbili kutoka ICD, orodha ya kimataifa ya misimbo ya magonjwa na majeraha. Ya kwanza inataja kilichoumia: mtulinga, kisigino, ubongo, bandama. Ya pili inataja kisa: aligongwa na nini, alikuwa anaendesha au amepakiwa, ilitokea barabarani au uani kwa watu. Hii ya pili ndiyo inayoachwa. Daktari wa zamu anaandika "RTA" (ajali ya barabarani), mgonjwa anapelekwa kushonwa, na faili linapofika chumba cha kumbukumbu hakuna anayeweza kujua kama yule mtu alikuwa kwenye daladala, kwenye pikipiki au kwenye baiskeli. Mtunza kumbukumbu mwaminifu hawezi kubuni. Ataandika V89.2, msimbo wa mtu aliyeumia barabarani katika ajali ya chombo cha moto isiyoelezwa, na baiskeli imefutika hapo hapo.

Hasara yake ni kubwa kuliko inavyoonekana. Ripoti ya Shirika la Afya Duniani (WHO) ya mwaka 2023 inakadiria kwamba watu milioni 1.19 walikufa barabarani duniani mwaka 2021, na kati ya kila 100 kama 6 walikuwa wapanda baiskeli. Kwetu, ripoti za mwezi za wagonjwa wa nje hujumlisha ajali za barabarani katika mstari mmoja, iwe ni MTUHA, mfumo wa takwimu za afya wa Tanzania, au fomu ya MOH 705 ya Kenya. Anayetaka kumshawishi mhandisi wa halmashauri atenge njia ya baiskeli kando ya barabara kuu hatapata hoja kwenye mstari huo. Ataipata kwenye misimbo ya wodini, ikiwa iliandikwa.

Kwa hiyo swali la mfumo upi utumike lina uzito. Ninaoulinganisha hapa ni mitatu, kwa sababu ndiyo inayokutana kwenye meza za watunza kumbukumbu wetu, mara nyingine bila wao kujua kwamba ni mitatu.

ICD-10 ya WHO iliidhinishwa Mei 1990 na nchi zikaanza kuitumia mwaka 1994. Toleo lake la 2019 ndilo la mwisho. WHO haiiendelezi tena. ICD-11 ilipitishwa Mei 2019 na kuanza kutumika rasmi tarehe 1 Januari 2022. Wa tatu ni ICD-10-CM, ambao Wamarekani waliutengeneza kwa kuipanua ICD-10 ili ifae bili na rekodi za wagonjwa wao, na walianza kuutumia tarehe 1 Oktoba 2015. Huo unatumika pia kwenye madai ya bima huko Falme za Kiarabu, jambo linalowahusu Waafrika Mashariki wengi wanaofanya kazi hospitali za Dubai na Abu Dhabi.

Mgonjwa mmoja, mifumo mitatu

Tuchukue kisa cha kawaida. Binti amepakiwa kwenye keria ya baiskeli, kaka yake anaendesha. Barabarani, pikipiki inawagonga. Binti amevunjika mtulinga wa kushoto, mfupa haukutoka nje, na alipoteza fahamu kwa dakika chache.

| | ICD-10 ya WHO | ICD-10-CM | ICD-11 |
|---|---|---|---|
| Mtulinga wa kushoto | S42.00 | S42.002A | NC12.0&XK8G |
| Mtikisiko wa ubongo | S06.0 | S06.0X1A | NA07.0 |
| Kisa | V12.5 | V12.5XXA | PA02, pamoja na nyongeza |

Angalia mstari wa kwanza. ICD-10 ya WHO haina mahali pa kusema kushoto au kulia. Sifuri ya mwisho katika S42.00 inasema tu kwamba mfupa haukutoboa ngozi. Ungetoboa, ingekuwa S42.01. Mmarekani anasema kushoto (ile 2), anasema mfupa haukutoka na kwamba mgonjwa bado yuko kwenye matibabu yenyewe (ile A). ICD-11 inasema mtulinga kwa NC12.0, kisha inaunganisha XK8G ambayo maana yake ni upande wa kushoto. Kuna nyongeza nyingine za kuonyesha kama mfupa ulitoka nje au la.

Sasa angalia mstari wa tatu, kwa sababu hapo ndipo uamuzi wangu unapolalia. V12.5 ni herufi nne tu, lakini imebeba mambo manne: aliyeumia alikuwa kwenye baiskeli (V1), aligongana na chombo cha moto cha magurudumu mawili au matatu (2), alikuwa abiria, na ilikuwa ajali ya barabarani (5). PA02 ya ICD-11 inasema kwamba mtu wa kwenye baiskeli aliumia barabarani bila mtu kukusudia. Basi. Pikipiki haimo, na kama alikuwa abiria hakumo. Vyote hivyo vinaweza kuongezwa kwa misimbo ya nyongeza, na vikiongezwa ICD-11 inasema mengi kuliko mwenzake. Visipoongezwa, mfumo mpya wa 2022 unasema machache kuliko ule wa 1990.

ICD-10 ya WHO kwa barabara zetu

Kundi la baiskeli ni V10 hadi V19. Herufi ya tatu inataja kilichogonga au kilichogongwa. V10 ni mtembea kwa miguu au mnyama. V11 ni baiskeli nyingine. V12 ni pikipiki na bajaji kwa pamoja, maana wote ni vyombo vya moto vya magurudumu mawili au matatu. Ukitaka kuzitenganisha, msimbo hautakusaidia. V13 ni gari dogo, pikapu au gari dogo la mizigo. V14 ni lori au basi. V15 ni treni. V16 ni chombo kingine kisicho cha moto. V17 ni kitu kilichosimama: mti, ukuta, kalavati, nguzo. V18 ni kuanguka au kupinduka bila kugongana na chochote. V19 ni mengineyo na yasiyojulikana.

Ukisoma orodha hiyo ofisini inaonekana nyepesi. Ugumu huanza na vyombo vyetu. Mpanda baiskeli aliyegonga ng'ombe aliyekatiza barabara ni V10. Aliyegonga mkokoteni unaovutwa na punda ni V16, kwa sababu mnyama anayevuta au anayepandwa huhesabiwa kama chombo. Noah iliyomgonga ni V13. Hiace ya matatu yenye abiria 14 naiweka V14, kwa kuwa ICD-10 inaliita basi gari lililotengenezwa au kugeuzwa kubeba zaidi ya watu 10 na linalohitaji leseni maalumu ya dereva. Fuso la mchanga ni V14 bila ubishi.

Guta la kukanyaga, lile la magurudumu matatu linalobeba kreti za soda, ni baiskeli kwa mujibu wa ICD-10: chombo chochote cha nchi kavu kinachoendeshwa kwa pedali peke yake. Likifungwa injini, linatoka kwenye kundi hili. Vivyo hivyo baiskeli ya umeme: kwa kuwa pedali si nguvu yake pekee, ICD-10 inampeleka mwendeshaji wake kwenye kundi la pikipiki, V20 hadi V29. Wamarekani walipoongeza misimbo maalumu ya baiskeli za umeme Oktoba 2022 waliiweka humo humo.

Kuna mtu mmoja ambaye karibu kila mahali anasimbwa vibaya, naye ni yule anayeikokota baiskeli. Muuza mkaa anayesukuma magunia matatu kupandisha mlima hayuko juu ya baiskeli. ICD-10 inamwita mpanda baiskeli yule tu aliyepanda. Huyu wa mkaa ni mtembea kwa miguu: akigongwa na gari dogo barabarani ni V03.1, akigongwa na lori ni V04.1. Najua wapo watakaosema hiyo si haki, kwamba mzigo wa baiskeli ndio uliomfanya ashindwe kukwepa. Nakubaliana nao kuhusu barabara, ila msimbo uko wazi, na anayetaka kuwahesabu watu hao hana budi kuongeza safu yake kwenye rejesta. Kwa wasomaji wa Goma, chukudu, ile skuta ya mbao ya kubebea mizigo, nayo haina pedali, hivyo anayeiendesha hawezi kuingia kwenye kundi la baiskeli. ICD-10 huweka skuta za kusukuma kwa mguu pamoja na watembea kwa miguu. Hapo ICD-11 ni bora: imewatengea watumiaji wa vifaa vya namna hiyo kundi lao, PA01.

Herufi ya nne ndiyo inayomtenga dereva na abiria. Kwa V10 hadi V18, .4 ni mwendeshaji barabarani, .5 ni abiria barabarani, .9 ni barabarani lakini haijulikani alikuwa nani. Nje ya barabara ni .0, .1 na .2 kwa mpangilio huo huo. Na .3 ni yule aliyeumia akipanda au akishuka. Katika nchi ambako baiskeli hubeba abiria kwa nauli, kuanzia Busia ambako bodaboda zilianza zikiwa baiskeli, hadi kwa abanyonzi wa Rwanda, tofauti ya .4 na .5 ni tofauti ya mfanyakazi aliyeumia kazini na mteja aliyelipa nauli. Kwa sababu hiyo hiyo, daktari akiandika "aligongwa na bodaboda" katika mji wenye bodaboda za aina zote mbili, muulizeni kabla ya kuchagua kati ya V11 na V12.

Barabarani maana yake nini? ICD-10 inaihesabu kuwa barabara ya umma njia yoyote iliyo wazi kwa watu kupita na kupitisha mizigo, iwe kwa haki au kwa mazoea. Lami si sharti. Njia ya vumbi ya kijiji inaingia. Na kama mahali hapakuandikwa, ajali ya gari na baiskeli inachukuliwa kuwa ya barabarani. Msikimbilie .0 kwa sababu tu kijiji hakina lami.

Kosa jingine la kawaida: ajali moja si msimbo mmoja. Turudi kwa binti wa keria. Yeye ni V12.5. Kaka yake aliyekuwa anaendesha baiskeli ni V12.4. Mwenye pikipiki, kama naye aliumia, ni V21.4, mwendesha pikipiki aliyegongana na baiskeli barabarani. Bibi aliyekuwa anapita akaangukiwa na baiskeli ile ni V01.1. Msimbo unaanzia kwa aliyeumia, hata kama kosa ni la mwingine.

Kuhusu mtoto aliyeingiza kisigino kwenye spoku: ni majeraha ambayo kila muuguzi wa chumba cha kushonea anayajua, ngozi ya nyuma ya kisigino imechunika, mama amemfunga kitenge. Hakuna mgongano wala kuanguka, alinaswa na sehemu ya baiskeli yenyewe, hivyo ni V19.8, awe alikuwa anaendesha au amepakiwa. Kidonda chenyewe ni S91.3 kama kiko kwenye wayo au kisigino, S91.0 kama kiko kwenye kifundo. Swali moja tu la mapokezi linatosha: "Mama, mguu wake ulinaswa na nini?"

ICD-11: nguvu zake na mtego wake

ICD-11 ilitengenezwa ikiwa ya kompyuta tangu mwanzo. Ina kifaa cha kutafutia cha bure: unaandika maneno ya daktari, kinakuletea msimbo na kukuonyesha nyongeza zinazofaa. Hakuna haja ya kufunua vitabu vitatu vizito. Misimbo inaunganishwa: alama ya & inaongeza sifa, mkwaju (/) unaunganisha jeraha na kisa chake, na hivyo mtulinga, upande wake, baiskeli, abiria na pikipiki vinakaa kwenye mstari mmoja usiotenganishika. Katika ICD-10 jeraha na kisa ni misimbo miwili inayosafiri peke yake, na nimeona mafaili mengi zaidi yenye S (jeraha) bila V (kisa) kuliko yenye zote mbili.

Kwa hospitali ya rufaa yenye mfumo wa kielektroniki, na hasa kwa kitengo kinachotaka kuweka rejesta ya majeruhi, ICD-11 ndiyo ningeichagua leo. Sharti ni moja: fomu ya kompyuta ilazimishe nyongeza mbili kabla ya kufunga, yaani nafasi ya mtu kwenye chombo na kilichogongana nacho. Mtengeneza programu anaweza kuweka sharti hilo kwa kazi ndogo, na bila hilo mtarudi kwenye PA02 tupu kila siku ya Jumatatu yenye foleni. Nje ya barabara ni PA12. Kwayo pia nyongeza ni muhimu vile vile.

Kwa zahanati na kituo cha afya kinachoandika kwa kalamu, sioni faida. NC12.0&XK8G kwa mkono, ndani ya safu nyembamba ya rejesta, itakosewa. V12.5 ina herufi nne, mtu aliyefundishwa kwa nusu siku anaikumbuka, na ikiandikwa peke yake bado inasema kisa kizima. Kikwazo ni kwamba ICD-10 ya WHO haitaongezwa kitu tena. Vyombo vipya vinavyozidi kuingia mijini havitapata mahali pao humo, na wizara zote zitahama siku moja. Hivyo anayeanza kutengeneza mfumo mpya wa kompyuta mwaka huu asiujenge juu ya ICD-10 peke yake.

Misimbo ya Kimarekani inaingiaje kwetu?

Inaingia kwa njia ya intaneti. Tafuta msimbo wa mtulinga uliovunjika na kurasa za juu zitakuletea ICD-10-CM, kwa kuwa wenye kampuni za bili Marekani ndio walioandika nyingi zaidi. Mtu ananakili, mfumo wa bima unakataa, dai linarudi. Kukataliwa ndiko bahati. Ubaya zaidi ni pale msimbo unapokubalika ukiwa na maana nyingine. S42.01 kwa WHO ni mtulinga uliovunjika na kutoka nje. Kwa Wamarekani, S42.01 inaanza kundi la mtulinga uliovunjika upande wa karibu na kidari, uwe umetoka nje au haukutoka. Mwandiko mmoja, herufi zile zile, majeraha mawili tofauti. Msimbo wowote wa mtindo wa ICD-10 wenye X katikati au A mwishoni, jueni umetoka huko.

Hata hivyo mfumo huu una uzuri wake, na siudharau. Hakuna unaosema kwa kina zaidi kuhusu jeraha lenyewe. Mtoto aliyeangukia usukani wa baiskeli kwa tumbo akapasuka bandama: ICD-10 ya WHO inasema S36.0, jeraha la bandama, bila kusema kubwa au dogo. ICD-10-CM inatenga mpasuko wa juu juu (S36.030A), wa kiasi (S36.031A) na mkubwa (S36.032A). Kwa mtikisiko wa ubongo inataka kujua mgonjwa alipoteza fahamu kwa muda gani, ile S06.0X1A ya binti wetu ni dakika 30 au pungufu. Ina msimbo wa shughuli aliyokuwa akifanya mtu, Y93.55 kwa kuendesha baiskeli, na misimbo ya mahali. Kwa jumla imepita misimbo 70,000, wakati ICD-10 ya WHO ina takriban 14,000.

Anayesomea kazi ya kusimba bili za Marekani akiwa Nairobi, Dar es Salaam au Minneapolis hana la kuchagua, CM ndiyo kazi yenyewe. Namkumbusha mambo mawili yanayowaangusha wengi. Herufi A haina maana ya ziara ya kwanza. Inatumika muda wote mgonjwa yuko kwenye matibabu yenyewe ya jeraha, hata akionwa na daktari wa pili. Akiingia hatua ya kupona na kufuatiliwa inakuwa D, na madhara yanayobaki baadaye ni S. Na msimbo wa kisa hauruhusiwi kukaa wa kwanza. Jeraha linatangulia daima. Mtu huyo huyo atahitaji pia CPT, misimbo ya Kimarekani ya huduma zilizotolewa, kwa matibabu ya wagonjwa wa nje, maana CM inataja ugonjwa tu. Anayeelekea Saudi Arabia aulize kwanza, huko hutumika toleo la Australia, ICD-10-AM. Kanada ina lake, ICD-10-CA. Uingereza hutumia ICD-10 ya WHO, kwa hiyo aliyeijua vizuri hapa nyumbani hatakuwa mgeni huko.

Kwa hospitali ya Afrika Mashariki inayotibu Waafrika Mashariki, CM siipendekezi. Inadai maelezo ambayo mafaili yetu hayana, na msimbaji akilazimishwa kujaza asichokijua atajaza "isiyoelezwa" kila mahali. Mtabaki na herufi saba zinazosema kile ambacho nne zingesema.

Anayelipa ana neno lake

Yote haya yana mpaka. Kama mfuko wa bima umetaja mfumo kwenye fomu yake ya madai, huo ndio mtakaotumia kwenye dai, hata kama rejesta yenu ya ndani ni nyingine. Ombeni waraka wenyewe, wenye tarehe, badala ya kutegemea alichosema mwenzenu wa hospitali jirani. Hospitali yenye wagonjwa wa bima za nje inaweza kujikuta inahitaji mifumo miwili. Hilo linawezekana, mradi kila msimbo ukiingizwa kwenye kompyuta uandikwe umetoka mfumo upi. Safu moja ya ziada inatosha.

Kwa vifo, uchaguzi unabadilika kidogo. Mpanda baiskeli aliyegongwa na lori barabarani akafa kwa damu iliyovuja kati ya fuvu na utando wa ubongo: cheti cha kifo kikisimbwa kwa ICD-10, chanzo cha kifo ni V14.4. S06.4 inabaki kueleza aina ya jeraha. Wodini, kwa mgonjwa aliye hai, ni kinyume: S inatangulia, V inafuata. Watu wanaochanganya taratibu hizi mbili huzalisha takwimu za vifo zilizojaa "jeraha la kichwa" na zisizo na barabara hata moja. Kama kituo chenu kinasimba vifo kwanza, na majeruhi baadaye, ICD-10 inatosha kabisa kwa sasa.

Lingine ambalo hakuna mfumo kati ya hii unaolifanya vizuri ni kupima uzito wa hali ya mgonjwa alipofika. Msimbo wa mtulinga hausemi kama alikuja anazungumza au amezimia. Kwa hilo kuna alama za Kampala, zilizoundwa Uganda kwa ajili ya hospitali kama zetu: umri, presha ya juu, upumuaji, fahamu na idadi ya majeraha makubwa, jumla kuanzia 5 hadi 16, na kadiri inavyoshuka ndivyo hatari inavyopanda. Zinajazwa bila mashine yoyote zaidi ya kipimo cha presha. Kitengo cha majeruhi kinachofikiria ICD-11 kingefanya vema kuziweka alama hizo kwenye fomu hiyo hiyo.

Kabla ya kuamua

Mfumo wowote mtakaouchagua utakula kile ambacho daktari ameandika. Kwa majeruhi wa baiskeli, sentensi moja inatosha, na inaweza kupigwa muhuri kwenye karatasi ya mapokezi ili ijazwe: alikuwa anaendesha, amepakiwa au anakokota, aligongana na nini, au alianguka mwenyewe, barabarani au wapi, upande gani umeumia. Tanzania mgonjwa wa ajali huja na PF3, fomu ya polisi, na mara nyingi polisi wameandika humo chombo kilichohusika kabla daktari hajamwona. Isomeni. Taarifa iliyokosekana kwenye faili huwa imelala kwenye karatasi hiyo iliyobanwa nyuma.

Mkihama kutoka ICD-10 kwenda ICD-11, msizigeuze rekodi za zamani. WHO imetoa majedwali ya kuoanisha, na yanafaa kwa ripoti, lakini V12.5 ikigeuzwa kuwa PA02 tupu pikipiki na abiria vinapotea na havirudi. Acheni za zamani zibaki kama zilivyo.

Na kama kamati bado inabishana, fanyeni jaribio hili kwanza. Toeni mafaili ya majeruhi wa baiskeli waliokwisha ruhusiwa, watu wawili wayasimbe kila mmoja peke yake, mara moja kwa ICD-10 na mara moja kwa ICD-11 pamoja na nyongeza zake. Wekeni karatasi zao kando kwa kando. Pale watakapotofautiana kwenye herufi ya nne, au mmoja atakapoacha nyongeza, fungueni faili mtazame daktari alikuwa ameandika nini.